Jitu la Barafu Huko Msimbu

Mke wangu alianza kucheza gemu ile kazini. Alikuwa karani wa masjala katika ofisi moja hapa Kibaha, na mtu wa masjala anasubiri sana: asubiri faili lirudi, asubiri bosi asaini, asubiri umeme. Basi akaweka kwenye simu yake mji mdogo wa mlimani, wenye nyumba za mawe, zizi la mbuzi na askari wachache, akawa anaulea taratibu kama mtu anavyolea kuku. Mimi nilimtania. Jioni nikifika nyumbani Misugusugu nilimuuliza, "Raia wako hawajambo?" Naye alijibu bila kuinua macho, "Hawajambo, wanavuna."

Mji ule ulikuwa na amani mwaka mzima, isipokuwa mwishoni. Hapo ndipo uliingia Msimu wa Theluji. Viumbe vya barafu vilishuka mlimani kundi baada ya kundi, na mwisho wa yote likaja jitu refu kuliko nyumba zote za mji. Likipuliza pumzi, askari walioko ukutani waliganda kama sanamu, ikabidi uwavute mmoja mmoja kwa kidole uwapeleke motoni wayeyuke. Ukichelewa, umewapoteza. Ilitaka vidole vyepesi, na mke wangu alikuwa navyo, lakini kila mwaka alishindwa palepale. Theluji ilifunika mji, akasonya, akaweka simu chini, akaenda kusonga ugali. "Mwakani," alisema.

Mwaka ninaousimulia, kiharusi kilimpata kiangazi, asubuhi, akijiandaa kwenda kazini. Nilisikia kitu kimeanguka chumbani nikadhani ni pasi. Alipotoka hospitali mkono wa kulia ulikuwa umelala, mguu wa kulia unaburuta, na maneno yamepotea. Si kwamba hakuelewa. Alielewa kila kitu. Alikuwa akifungua mdomo kusema, linatoka neno lingine kabisa, au halitoki lolote, na macho yake yanaonyesha kwamba amelisikia kosa kabla yetu.

Mimi nina ofisi, watoto wetu wako shule za bweni. Mama yake alikuja kutoka Msimbu, wilayani Kisarawe, akakaa siku chache, akaona jinsi ninavyokimbia mchana kuja kumgeuza na kumpa chai. Siku hiyo alinisubiri nimalize kula ndipo aseme.

"Mwanangu, mlete kwangu. Wewe una kazi ya serikali, mimi nina mchana mzima."

"Mama, si nitakutwisha mzigo?"

"Mzigo gani? Huyu nilimbeba mgongoni, sasa amekaa kitini tu."

Kwa hiyo alihamia Msimbu, kwenye nyumba aliyozaliwa, katikati ya mikorosho, mbele kidogo ya mahali ambapo lami inaisha. Mimi nilibaki Misugusugu na kila Ijumaa nikitoka kazini nilipanda pikipiki kwenda Kisarawe. Nilimkuta barazani, mguu kwenye mto, uso umegeukia barabarani. Mtaalamu wa mazoezi alitupa mpira laini wa kufinya kwa mkono uliolala. Mke wangu aliutazama, akausukuma kwa mkono wa kushoto ukabingirika hadi uani, kuku wakaukimbia. Kila tulipoukuta na kumrudishia aliusukuma tena. Mama mkwe wangu akasema tusimlazimishe, na mimi nikauweka mpira kando.

Ijumaa moja, vuli ikiwa imeshaanza, nilimkuta ameshika simu. Alikuwa ameilaza juu ya kiganja cha mkono wa kulia, mkono umewekwa mapajani kama sahani, na kwa kidole cha kushoto anagusa kioo polepole sana. Nilichungulia. Mji wake ulikuwa umeota majani. Mbuzi wote wamekimbia, maghala matupu, raia wananung'unika kwa vibonzo vidogo juu ya vichwa vyao. Alikuwa anavuna shamba moja baada ya jingine, na kila shamba lilimchukua muda ambao zamani lingemchukua mji mzima.

Nilikaa karibu. Nikamuuliza kama nilivyozoea, "Raia wako hawajambo?"

Alinitazama. Midomo ikahangaika. "Njaa," alisema.

Lilikuwa neno sahihi. Mama mkwe alisikia akatoka jikoni mbio na bakuli la uji, na mke wangu akacheka hadi mate yakamtoka, kwa sababu wenye njaa hawakuwa sisi.

Tangu hapo wikiendi zetu zilikuwa hizo. Mtandao ulishika vizuri upande mmoja tu wa baraza, karibu na mahali mama alipoanika korosho, hivyo kiti kilihamia huko. Mji ulianza kuinuka. Ilipofika Desemba, theluji ikaanza kushuka kwenye kile kioo, sisi tumekaa kwenye joto la Pwani, jasho linatutiririka shingoni.

Nilijua atashindwa. Mtu mwenye vidole vyepesi alishindwa, sembuse mwenye kidole kimoja kizito? Jitu lilipokuja, askari waliganda ukutani, yeye akawa anamvuta mmoja huku wanne wanakufa. Nikanyoosha mkono.

"Nipe nikusaidie. Wewe niambie tu pa kugusa."

Aliukunja mwili wote juu ya simu. "Mimi," alisema. Nikaurudisha mkono wangu.

Jumamosi moja, baada ya kushindwa mara nyingi, maana gemu inaruhusu kurudia hadi msimu uishe, alinishika shati akaniambia, "Vunja sufuria."

"Sufuria?"

"Vunja. Vunja sufuria." Alikuwa anagonga kidole kwenye kioo.

Mama mkwe, aliyekuwa anachambua korosho, aliinuka akaleta sufuria ya chai. Mke wangu akatikisa kichwa. Ikaletwa ya ugali. Akatikisa tena, sasa machozi yanamlenga, si ya huzuni, ya hasira. "Sufuria!" alipiga kelele, akageuza uso ukutani. Mama akabaki amesimama na vyombo viwili mikononi.

"Tumwache kidogo," alininong'oneza. "Kitu anacho. Njia ndiyo hana."

Asubuhi yake nilitoka barazani na chai nikamkuta ameshaanza. Alikuwa anabomoa ukuta wa mji. Jiwe baada ya jiwe, kwa makusudi, ule ukuta alioujenga miaka na miaka. Gemu yenyewe ilikuwa inamwonya, inauliza kila mara kama ana hakika, na yeye kila mara anagusa ndiyo. Nikaketi.

"Ukuta," nilisema. "Sufuria ni ukuta."

Alifumba macho, akashusha pumzi kama mtu aliyetua ndoo.

Sasa nilielewa alichokuwa anakiwaza, na nilikielewa kwa kumtazama, maana maelezo yangetuchukua mwezi. Gemu ilikuwa inamwonyesha kila mchezaji mshale mwekundu: peleka askari ukutani. Wote tulitii. Lakini ukutani ndiko kwenye baridi, na ukiwa na askari kwenye baridi lazima uwe na vidole vya kuwaokoa. Yeye hakuwa navyo. Basi aliamua asiwe na mtu wa kuokoa. Aliondoa ukuta, akahamisha mioto yote iliyotawanyika pembezoni akaipanga duara katikati ya mji, na askari akawasimamisha ndani ya duara, karibu na moto, wasiondoke hapo kamwe. Jitu liachwe liingie. Likikanyaga kati ya mioto, barafu yake yenyewe itaanza kuyeyuka. Kazi ya kidole ingebaki moja tu: kuongeza kuni.

Mara ya kwanza tulipojaribu, jitu liliingia kweli, likaanza kutota, likapungua hadi magotini, kisha kuni zikaisha. Mioto ikazimika yote pamoja. Nikapiga paja langu kwa uchungu.

Mke wangu hakupiga chochote. Alirudi nyuma akatazama kuni zilikwenda wapi. Zilikuwa zimeliwa na makundi ya mwanzo, vile viumbe vidogo. Akanionyesha kwa kidole: hawa, hawa, hawa.

"Acha," alisema.

"Niache nini?"

"Hawa. Acha... washinde."

Hilo lilinishinda kulivumilia. Kukaa na kuangalia viumbe vile vinaingia, vinabeba mbuzi, vinapindua maghala, na kila kundi likimaliza gemu inaandika kwa maandishi makubwa kwamba umeshindwa, na wewe umekaa tu juu ya kuni zako. Mara mbili nilimwambia, "Washa hata moto mmoja, basi." Alinitazama jinsi mwalimu anavyomtazama mtoto anayetaka kwenda chooni kila dakika. Nikainuka nikaenda kumsaidia mama kugeuza korosho, maana mikono yangu ilihitaji kazi.

Msimu ulikuwa unaisha Jumapili. Asubuhi hiyo mvua ilinyesha kidogo, mtandao ukasumbua, kisha jua likatoka na ukarudi. Mama alimaliza kupika akaja kukaa nasi, kwa mara ya kwanza, mkono shavuni, anatazama kioo kama anayesikiliza taarifa ya msiba.

Mji ulikuwa uchi. Hakuna ukuta, hakuna mbuzi, na katikati duara la mioto na ghala lililojaa kuni. Jitu lilitokea juu ya mlima. Liliteremka bila kuzuiwa na yeyote. Lilipopuliza, pumzi yake ilifika kwenye duara, na askari walitetemeka lakini hawakuganda.

Mke wangu akagusa kuni. Akasubiri. Akagusa tena.

"Mbona haharakishi?" mama aliniuliza.

"Hakuna haja, mama. Ameshapanga."

Jitu liliingia kati ya mioto. Likainua mguu, mguu ukawa mfupi kuliko ulivyoshuka. Askari wakaanza kulipiga, wamesimama palepale walipowekwa. Simu ilianza kuteleza kwa jasho juu ya kile kiganja cha kulia, na hapo nikaona vidole vinne vilivyolala tangu kiangazi vimejikunja kidogo kwenye ukingo wa simu, vinaishikilia. Mama naye aliona. Alinibana mkono kwa nguvu, na mimi nikambana, tukiogopa kumshtua akaacha.

Jitu likabaki kiwiliwili, likabaki kichwa, likabaki dimbwi.

"Limekufa?" mama aliuliza.

"Limekufa, mama."

"Alhamdulillahi. Basi ale, wali unapoa."

Zawadi yenyewe ilikuwa bendera nyeupe ya kupamba mji. Mke wangu aliitazama, akaiweka juu ya zizi lililokuwa tupu, akazima simu. Alikula wali sahani mbili. Nilipomwonyesha vidole vyake na kumwambia vilichofanya, alivitazama kwa mashaka, akavigusa kimoja kimoja kwa mkono wa pili, akaniambia, "Kesho." Kesho yake, kabla sijaondoka kurudi Kibaha, aliuomba ule mpira.

Sitaki kusema kwamba gemu ilimponya. Kilichofuata kilikuwa miezi ya mazoezi, siku nzuri na siku za kulia, na mama yake akimhesabia pumzi kama mkunga. Alirudi Misugusugu baada ya masika, akitembea kwa fimbo. Ofisini walimpa meza nyingine, isiyo na faili za kubeba, na anaandika kwa mkono wa kushoto, mwandiko unaoegemea upande kama nyasi kwenye upepo. Maneno mengi yamerudi. Machache hayajarudi, na akiyakosa huwa anaweka jingine lolote na kuendelea na safari yake, ni juu yetu kumfuata.

Wenye gemu nao hawakulala. Msimu huu tumekuta wamelibadilisha jitu: sasa lina mabawa. Linapita juu ya mioto, linapulizia kutoka angani, na ile mbinu ya duara haifai tena hata kidogo. Alishindwa siku ya kwanza, ya pili na zilizofuata. Jana nimemkuta mezani, miwani puani, anahamisha ghala zima kwa kidole kimoja kulipeleka chini ya mlima. Nikamuuliza anataka kufanya nini huko.

"Usinisemeshe kwanza," alisema.

Nikaenda kuchemsha chai.