Mama lishe wa Segese na mume aliyevushwa mpaka wa mkoa

Saa moja asubuhi, Segese, mkoani Shinyanga. Bhoke Nyamhanga anageuza chapati kwa vidole vitupu, bila mwiko wala kisu. Wachimbaji wanne wamekaa kwenye benchi wakimsubiri kwa adabu ambayo walimu wao wa zamani hawakuwahi kuiona.

"Mama Loveness, leo unafunga mapema tena?" anauliza mmoja.

"Nakwenda kwa wakili. Wewe kula, usinihesabie saa."

Bhoke, 36, alizoea kuuza sahani sitini kwa siku. Sasa zikifika ishirini anashukuru. Tangu mumewe, Ngusa, akamatwe kwa tuhuma za kuiba mawe ya dhahabu, siku zake nyingi zinaishia barabarani.

Ngusa aliwekwa katika kituo cha polisi ambacho jina lake tunaliacha, shauri likiwa bado mahakamani. Hakufikishwa mbele ya hakimu yeyote. Kila mchana Bhoke alimpelekea ugali na dagaa, na kila mchana askari wa zamu alimwambia maneno yaleyale: "Onja kwanza." Ndiyo desturi ya mahabusu: aletaye chakula hula tonge la kwanza, isije ikawa ametia sumu.

"Siku kumi na mbili nilionja," anasema. "Ningenenepa, kama si mawazo."

Siku ya kumi wakili wake, Pantaleo Ntobi, alikuwa amefungua maombi Mahakama Kuu Shinyanga, akitaka Ngusa aletwe mbele ya jaji na waliomshikilia waeleze ni kwa sheria ipi. Siku ya kumi na tatu, askari alipokea bakuli, akasema asante, akaingia nalo ndani. Hakumwambia aonje.

Kwa Bhoke hilo lilitosha.

"Nikajua wanakwenda kukila wenyewe. Ngusa hayumo."

Hakugombana na mtu. Alifunga meza yake siku mbili, akabeba bakuli jingine, akapanda basi kwenda mkoa wa Geita, kwa kuwa mteja wake mmoja aliliona gari la polisi likielekea huko. Vituo viwili walimjibu kwamba hawana mtu wa jina hilo. Cha tatu, upande wa Runzewe, askari naye alisema hamjui Ngusa yeyote. Kisha akalitazama bakuli.

"Onja kwanza," akasema.

"Nilikula huku nalia," Bhoke anakumbuka.

Kiapo chake mahakamani kinautaja ugali mara tatu, jambo ambalo Pantaleo anakiri hakufundishwa chuoni.

Wakili wa Serikali alikuja na hoja fupi: mtu mwenyewe yuko Geita, kwa hiyo mahakama ya Shinyanga haina mamlaka, mama akafungue huko. Pantaleo akajibu kwamba siku maombi yanafunguliwa Ngusa alikuwa Shinyanga, na waliompakia garini hawawezi kumchagulia jaji.

Bhoke ana lugha yake. "Nikifungua Geita, kesho watamrudisha huku. Atahamishwa kama mbuzi wa malisho ya kukodi, na mimi nyuma yake na makaratasi."

Jaji atatoa uamuzi Ijumaa. Alasiri ya leo, ofisini kwake Kahama, Pantaleo anavua miwani na kumtahadharisha mteja wake.

"Mama Loveness, Ijumaa tunaambiwa ni mahakama ipi tu. Tukishinda, ndipo jaji atapanga siku ya kumleta. Usitegemee kurudi naye."

"Nimeelewa, wakili."

Ameelewa kweli. Alhamisi atalala Ngokolo, mjini Shinyanga, kwa shangazi yake, ili asichelewe. Lakini shati la Ngusa la kanisani ameshalifua na kulipiga pasi, na konda wa basi la Ijumaa jioni ameshaagizwa aweke viti viwili vya kurudi.

"Kimoja kikibaki wazi, nitaweka mfuko wenye shati," anasema. "Safari nyingine nitakata viwili tena."