Malkia wa Bure

Ukikataa chai nyumbani kwa mtu pale Mbinga mjini, utaambiwa, "Haya, kataa malkia." Watu watacheka, kikombe kitajazwa, na mimi damu itanichemka. Wengi wanaousema msemo huo hawajui ulikotoka. Mimi najua. Ulitoka kwa shangazi yangu, na kosa lilikuwa langu.

Sisi ni watu wa ziwani, lakini shangazi alipanda milimani kwa Wamatengo kufua mashuka ya hospitali ya misheni, nami nikapelekwa kwake nisome. Kulikuwa na daktari wa kigeni aliyevunjika mguu, akawa anashinda barazani na ubao wake wa sataranji bila mtu wa kucheza naye. Manesi walikuwa na wagonjwa, mapadri walikuwa na misa. Shangazi alikuwa akipita na kapu la mashuka, anasimama, anatazama. Siku moja akamwambia, "Daktari, huyo farasi wako anakufa." Farasi akafa kweli. Kuanzia hapo akawa anakaribishwa kiti.

Daktari aliporudi kwao alimwachia ule ubao pamoja na kitabu kikuukuu cha Kiingereza kilichosimulia maisha ya mabingwa wa dunia na michezo yao. Askari wawili weusi walikuwa wamepotea, shangazi akaweka buni mbili kavu mahali pao.

Yeye aliishia darasa la nne. Herufi na tarakimu za kuandikia mchezo alizimudu vizuri, Kiingereza hapana. Mimi nilikuwa kidato cha pili na nilijiona msomi. Akipiga pasi sare za manesi, mimi namsomea na kumtafsiria. Huyu alijifunza akiwa mtoto mdogo kwa kumtazama tu baba yake akicheza. Huyu alicheza na watu wengi kwa mpigo, kafungwa kitambaa machoni. Huyu alitwaa ubingwa wa dunia, kisha akanuna na kugoma kucheza miaka na miaka. Na huyu, kipenzi cha shangazi, alikuwa na tabia ya kumwacha malkia wake aliwe bure kabisa. Mwenzake anamla kwa furaha, na baada ya hatua chache mfalme wake hana pa kukimbilia.

Kitabu kiliwaita wote grandimasta. Hedimasta ni mwalimu mkuu, nikawaza, basi grandimasta naye ni mwalimu mkuu. Nikatafsiri hivyo, ukurasa baada ya ukurasa, bila wasiwasi wowote.

Shangazi hakushangaa. Kwake ilikuwa na maana kwamba watu wenye akili namna ile wawe walimu wakuu. Aliuliza jambo moja tu: "Wakisafiri hivyo, shule wanamwachia nani?"

"Kuna walimu wasaidizi," nikamjibu.

Ikaja miaka ya ruksa. Ushirika uliokuwa ukinunua kahawa yetu peke yake ukaanza kuyumba, wakaja wanunuzi binafsi na magari yao mapya. Kampuni moja, ili ipendwe na wakulima, ikatangaza mashindano: drafti, netiboli, na sataranji, kwa sababu meneja wake aliupenda mchezo huo. Bingwa wa sataranji angepelekwa Dar es Salaam mwezi mzima kufundishwa na kucheza na wageni kutoka nje. Sijawahi kumwona shangazi akitaka kitu kama alivyoitaka safari ile. Tangu daktari aondoke alikuwa anacheza na mimi tu, na mimi nilikuwa mbovu.

Tukateremka Mbinga. Ofisa aliyekuwa akiandikisha, mtu wa kuja, alimwangalia kitenge chake na kandambili zake akasema, "Mama, netiboli ni uwanja wa pili." Hata majina hakuuliza. Shangazi akachukua kalamu akajiandika mwenyewe.

Akamfunga bwana misitu. Akamfunga mzee mwenye duka, Mwislamu mwenye asili ya pwani, aliyefundishwa mchezo huo na babu yake. Yule mzee alimpa mkono akamwita fundi. Ndiye pekee siku ile aliyekuwa na adabu.

Kwenye fainali, mshereheshaji akanguruma kwenye kipaza sauti: "Anakuja Mwalimu Mkuu." Alikuwa mwalimu mkuu wa shule moja ya msingi pale mjini. Shangazi akainuka, akainamisha kichwa, akasema, "Shikamoo, Mwalimu Mkuu."

Yule bwana alikuwa mdogo kwake kwa miaka kumi, ikipungua sana. Akaitikia marahaba. Hakuona hata aibu.

Mchezo ulikwenda sawa hadi pale Mwalimu alipogeuka kumsalimu meneja huku mkono unasukuma malkia. Akamweka kwenye njia ya askofu wa shangazi, hana mlinzi. Aliporudisha macho ubaoni alitoka jasho. Wacheza drafti waliosimama nyuma wakaanza kunong'ona, "Kula, mama, kula," maana kwenye drafti usipokula ni kosa.

Shangazi hakula. Alimtazama yule malkia muda mrefu, kisha akasogeza mfalme wake pembeni. Akaendelea kuukimbia mtego ambao haukuwepo mpaka akafungwa.

Mwalimu akapokea kombe, akahutubia: mama zetu wana bidii, lakini mchezo huu unahitaji elimu. Yule ofisa akacheka kuliko wote. Hadi leo nikikumbuka kicheko kile nataka kupiga mtu.

Tulirudi juu ya lori, tumekalia magunia ya mbolea. Nikamuuliza, "Shangazi, kwa nini hukumla malkia?"

"Mwanangu, Mwalimu Mkuu hatoi malkia bure. Si wewe uliyenisomea?"

Hapo ndipo nilipoelewa nilichofanya. Nikanyamaza, nikanyamaza miaka mingi, huku msemo ukienea mjini na Mwalimu akisimulia safari yake ya Dar es Salaam kila harusi. Nawakasirikia wale mabwana, lakini wao walikuwa wajinga tu. Mimi nilijua, nikamwacha achekwe.

Nilimwambia akiwa ameshazeeka, karudi kwetu ziwani, tunaanua dagaa. Grandimasta si mwalimu mkuu, nikasema. Ni cheo cha mchezo tu. Yule wa Mbinga alikuwa mwalimu wa kawaida aliyekosea.

Akaingia ndani, akatoka na ubao, akapanga kete moja moja jinsi zilivyokuwa siku ile, na zile buni mbili mahali pake. Akachukua askofu, akamla malkia, akamshika kiganjani.

"Kwa hiyo alikuwa wa bure."

"Wa bure, shangazi. Nisamehe."

"Wewe nimekusamehe," akasema. "Ila yule bwana anirudishie shikamoo yangu."