Kiapo cha Mulei kule Zombe

Nakumbuka vizuri sana, mwanangu, siku watu wa Zombe waliponyamaza mbele ya Mulei. Wewe unamjua kwa video za simu tu. Sisi tulimjua tangu akiigiza kwenye mikutano ya kanisa, mwembamba, suruali imefungwa kwa kamba ya katani, na akikohoa tu watu wanashika mbavu. Baadaye filamu zake za Kikamba ziliuzwa Makindu na Salama kama njugu. Katika zote mimi ndiye nilikuwa mke wake, yule mkali wa mwiko. Mume wangu wa kweli alizoea, au alisema amezoea.

Siku hiyo tulikuwa tunarekodi nyuma ya soko. Mulei alikuwa mwizi wa mbuzi, na hadithi ilimtaka aape kwa kithitu kwamba hajaiba. Wewe umezaliwa mjini, kwa hiyo nikueleze: kithitu ni kiapo chetu Wakamba, na anayekiapia uongo hafi peke yake, hufa na watu wa nyumba yake. Hata sisi wa kanisa, tunaosema hatukiamini, hatukitaji ovyo. Kijana wa kamera alileta pembe kuukuu iliyofungwa kitambaa, iwe ndiyo kithitu. Mulei akaigonga kwa kijiti, akaapa. Halafu, kwa vile alipenda kuongeza maneno yake mwenyewe, akasema kama ameiba, Mwende wake afe kabla ya mvua.

Mwende alikuwa binti yake wa kweli, na kila mtu pale alimjua.

Hakuna aliyecheka. Akina mama walishika watoto wao mikono wakaondoka bila kuaga. Alibaki Susu Kalunde, bibi mzee aliyeuza ugoro sokoni.

"Hii pembe mmetoa wapi?" akauliza.

"Kwa stoo ya marehemu babu," kijana wa kamera akajibu.

"Babu yako alikuwa anaapisha watu."

Mulei akajaribu kutabasamu. "Susu, ni mchezo tu."

"Sisi tunajua ni mchezo. Hiyo pembe nani ameiambia?" Akamnyooshea Mulei kidole. "Chekesha watu na mdomo yako, hiyo ni kazi yako. Lakini huyo mtoto, ulimuuliza?"

Niliogopa, mwanangu. Nilijiuliza hata kama kiapo kinajua tofauti ya mke wa nyumbani na mke wa filamu.

Wiki hiyohiyo Mwende akashikwa na homa, akalazwa. Daktari alisema ni malaria. Mchungaji aliomba. Wazee nao walichinja mbuzi kimyakimya, wakamtakasa Mulei, na pembe ikaenda walikojua wenyewe. Mulei alikubali yote, hakukataa la mtu. Kutwa alikaa kwenye benchi nje ya wodi akitazama mawingu. Huku kwetu sote huomba mvua, lakini sijawahi kuona mtu akiingoja vile, midomo imemkauka, akiuliza kila anayepita kama kwao kumenyesha. Ilichelewa. Iliponyesha hatimaye, Mwende alikuwa hai, anaomba uji, na Mulei alilia kando ya kitanda mpaka wauguzi wakamtoa nje.

Tuliifuta ile filamu. Kumbe mtu kwenye umati alikuwa amekirekodi kile kiapo kwa simu yake, na mpaka leo kipande hicho kinazunguka, watu wasiojua lolote wanakicheka. Mulei amezeeka sasa, anaishi mjini Salama, haigizi tena. Kila akisikia kimerushwa upya, humpigia Mwende, ambaye ni mama wa watoto huko Kitui. "Uko sawa?" "Niko sawa, baba." Anakata simu.

Nakuambia haya kwa sababu juzi nimeona video yako. Umemlaza mtoto wako kwenye mkeka, umemfunika shuka mpaka usoni, unajifanya kumlilia, na watu wanacheka. Mimi nilizima simu.

Ifute leo. Ukitaka kuchekesha, jicheke mwenyewe, cheka upara wako, nicheke hata mimi na magoti yangu. Mtoto ambaye hajajua kukataa usimtie kwenye mchezo wa kifo. Siwezi kukuambia pembe ilisikia au haikusikia. Najua tu kwamba Mulei hajapona hofu ile.

Mungu akubariki, mwanangu, akuzeeshe, na mtoto huyo ndiye akuzike wewe.