Asubuhi Baba Mkubwa Alipotaja Ukoo Wetu

Nakumbuka asubuhi ya baridi kali hapa Greenbelt, Marekani, Baba Mkubwa Elia ameketi jikoni kwangu mbele ya kompyuta, amevaa suti ya kanisani na soksi za sufu bila viatu. Mwanangu, mzee yule alikuwa ametunza wagonjwa wa watu wengine kwa miaka mingi katika nchi hii, na sikuwahi kumwona akimwogopa mtu. Asubuhi ile, kabla hajagusa chai yake, aliniuliza mara tatu kama mlango umefungwa.

Wakati huo mimi nilikuwa bado kijana. Nilikuwa na watoto wawili, ndiyo, lakini Baba Mkubwa alikuwa akiniita kasichana, na mbele yake nilikuwa hivyo hivyo.

Nikueleze kilichotuketisha pale. Mdogo wangu Rehema alikuwa muuguzi wa kaunti kule nyumbani. Aliajiriwa katika nafasi zilizotengewa jamii ndogo zilizodharauliwa, na sisi ni wahunzi, watu wa kufua chuma. Huku ugenini huenda neno hilo halikushtui. Kwetu, mhunzi haolewi wala haoi nje ya wahunzi wenzake, na mtoto wake hujifunza mapema kunyamaza akiulizwa ukoo. Mama yangu alinifundisha kujibu, "Sisi ni wafugaji," hata kabla sijaanza shule.

Basi mtu akaenda kwa bodi ya ajira ya kaunti akasema Rehema si mhunzi, ameiba nafasi ya wanyonge. Bodi haikumwita. Haikumwambia nani amesema. Alifika kazini Jumatatu akakuta mwenzake amevaa koti lake, naye akaambiwa arudishe funguo za stoo ya dawa. Alipokata rufaa, wakamjibu kwamba watamsikiliza akileta mzee wa ukoo wa baba atakayeshuhudia. Wazee waliobaki nyumbani walikataa mmoja baada ya mwingine. Akabaki Baba Mkubwa, aliye Marekani.

Kikao kilikuwa cha wazi, kwa video, na mtu yeyote aliruhusiwa kutazama. Hapo ndipo palipokuwa na hofu yetu. Watu wa kwetu wako Beltsville, wako Arlington, miji ya jirani hapa, tunasali nao na kupika nao kwenye misiba. Neno likitamkwa kule saa kumi jioni, ambayo huku ni asubuhi, kabla ya chakula cha mchana huku lingekuwa limefika katika kila simu.

"Baba Mkubwa, bado unaweza kukataa," nilimwambia.

"Nikatae halafu nile nini leo? Hii chai umeitia chumvi," akasema. Hakukuwa na chumvi. Alitaka tu nicheke, nami nikacheka vibaya.

Mwenyekiti wa bodi alikuwa mama mwenye miwani, mwenye sauti ya upole. Upole ule ulinitisha zaidi.

"Mzee, rekodi za chifu zinasema ninyi ni wafugaji tangu enzi za babu. Mbona mmekuwa wahunzi leo, palipo na mshahara?"

Nilimwona Rehema kwenye kile kidirisha kidogo, ameinamisha kichwa. Baba Mkubwa aliweka kikombe chini, akakaza tai yake.

"Mama mwenyekiti," akasema, "baba yangu alimwomba chifu aandike hivyo ili wanawe wapate kuoa. Hawakutuoza hata hivyo. Mnunuzi alipokuja kuchukua kisu kwetu, alijipaka mafuta viganjani kwanza, uchafu wetu usimshike. Nilikuwa namshikia baba bakuli la mafuta hayo. Waiteni majirani, waulizwe kama kuna hata mmoja aliyewahi kula nyumbani kwetu."

Kisha akasogea karibu na kamera, pua ikajaa kioo chote.

"Nimejitaja mbele ya dunia. Na mimi nauliza, huyu binti amefukuzwa kwa maneno ya nani?"

"Mlalamikaji aliomba jina lake lisitajwe."

"Sasa Rehema amjibu nani? Upepo?"

Wanabodi wakazima sauti wakashauriana. Waliporudi, mwenyekiti alitaja jina: Petro. Petro ni mtoto wa baba yetu mdogo. Tulilala kitanda kimoja naye tukiwa wadogo.

Mwanangu, damu ilinipanda. Nilikwapua simu nikaanza kuandika kwenye kundi la familia kwamba Petro si ndugu yetu tena, asizikwe nasi, asipigiwe simu na mtu. Baba Mkubwa alinishika mkono.

"Unafanya nini?"

"Namwanika, Baba Mkubwa."

"Umemuuliza?"

"Nimuulize nini? Si wamemtaja?"

"Walimfanyia Rehema hivyo hivyo, kasichana. Wewe ni bodi tangu lini? Weka simu chini." Akageukia kamera. "Mama, naomba Petro aitwe. Na yeye asikilizwe."

Aliitwa katika kikao kilichofuata. Alikuja na shati lililolowa jasho, akasema ukweli akilia: binti yake alikuwa ameposwa na watu wakubwa wasio wahunzi, na jina la Rehema miongoni mwa wahunzi lingewafichua wote. Bodi ikamrudisha Rehema kazini, kwa kuwa alifukuzwa bila kusikilizwa. Kuhusu ukoo wetu, ikasema majirani waulizwe kwanza, kama mzee alivyoomba. Wale wakwe wa Petro hawakurudi tena. Na huku Marekani, Jumapili iliyofuata, familia mbili tulizozizoea zilikaa upande mwingine wa kanisa, na hadi leo zinakaa huko.

Sitakudanganya kwamba hofu ilikwisha. Nikisikia mtu wa kwetu akinong'ona nyuma yangu, bado nageuka kuangalia ni nani. Lakini wewe utakayeajiri watu kesho, utakayekaa kwenye kamati na bodi, shika neno hili: usimwondoe mtu kwenye riziki yake kabla hujamketisha mbele yako, ukamwambia anashtakiwa nini na nani, ukamwacha aseme hadi amalize. Mfanyie hivyo unayempenda. Mfanyie hivyo pia aliyekuumiza, kwa sababu huyo ndiye utakayeona uchungu kumsikiliza. Na siku wewe ukishtakiwa, dai kiti chako, hata sauti ikitetemeka.

Mungu akupe sikio pana na moyo usiokimbilia hukumu. Na popote utakapoitwa kujieleza, akutangulizie mtu wa kukusikiliza.