Sare ya Kanjo Ilivyotaka Kumfunga Mzee wa Watu

Ndugu msomaji, kosa lilikuwa langu. Sikutumwa, sikudanganywa, sikulewa. Nilipenda sare, basi!

Ilikuwa miaka ya themanini, nikiishi Shauri Moyo. Nilipata kazi ya uaskari wa soko kwenye kanjo, yaani baraza la jiji, nikaacha kibarua changu cha kiwandani kwa maringo makubwa. Ijumaa tukapewa sare, kofia na filimbi. Jumapili baba yake Mwende, mchonga vinyago asiyecheka ovyo, akakubali nimwoe bintiye kwa kuwa sasa nina "kazi ya kueleweka."

Jumatatu, balaa! Vijana walioachwa kwenye usaili walikuwa wamekwenda mahakamani kulalamika kwamba hawakutendewa haki. Jaji akaamuru sisi wapya tusianze kazi mpaka kesi isikilizwe. Afisa wa uajiri, mzee mpole anayeiogopa sheria, akatukusanya.

"Endeni nyumbani. Hizo sare kunjeni mweke. Nitawaita."

Wenzangu walikunja. Mimi ningemwambia nini baba mkwe?

Kesho yake nikavaa, nikapitia mlangoni kwake kumwamkia, kisha nikashika njia ya soko la Gikomba. Nia yangu ilikuwa kutembea tu. Lakini wee!

"Ofisa, kuja ukunywe chai!" mama mmoja akaniita.

Nikanywa. Siku iliyofuata nikanywa na mandazi. Mwenye bucha, anayeletewa mbuzi kutoka Kiamaiko, akanifungia mbavu bila kuombwa. Haukupita muda nikawa napuliza filimbi na kuwafokea wenye mikokoteni, "Rudi nyuma wewe, unafunga njia!" Nao wanarudi! Jamani, utamu wa kutiiwa msiuonje.

Kumbe mmoja wa wale walioachwa alikuwa akiuza viatu pale pale. Aliniona, akaenda moja kwa moja kwa wakili wake. Wakasema kanjo imeanza kututumia kisirisiri. Afisa wetu akaitwa ajieleze kwa nini asifungwe kwa kudharau amri ya mahakama. Yule mzee! Mtu ambaye hata kalamu ya ofisi hakuwahi kwenda nayo nyumbani!

Habari iliponifikia, nikapiga hesabu. Nikinyamaza, mtu asiye na hatia anaingia jela. Nikisema, Mwende kwaheri. Nililia, sitaficha. Kisha nikaenda kwa wakili wa kanjo nikamwambia yote, naye akaniita kutoa ushahidi. Baba mkwe naye, asijue lolote, alikuja eti kuniunga mkono!

"Nani alikupanga Gikomba?" jaji akauliza.

"Hakuna, Mheshimiwa."

"Nani alikuwa akikulipa?"

"Hakuna, Mheshimiwa."

"Sasa kule sokoni ulikuwa ukifanya nini?"

"Nilikuwa napendeza, Mheshimiwa."

Mahakama nzima ikaangua kicheko. Jaji mwenyewe aliinamia karatasi zake, mabega yakitikisika. Baba mkwe hakucheka. Aliinuka akatoka, na baadaye Mwende akaolewa na karani wa reli. Nilimpenda yule msichana, wallahi.

Mzee aliachiliwa, nami nikaponea na onyo kali. Kesi ilipokwisha, walioachwa wakafanyiwa usaili upya na sisi wa kwanza tukaitwa kazini. Nikawa wa kwanza kufika! Afisa akanishika mkono, akanishukuru kwa kusema ukweli mpaka machozi yakanilenga.

"Lakini kijana wangu," akasema, "uliapa mbele ya jaji kwamba hapa hakuna aliyekupanga wala kukulipa. Nikikuandika leo, watasema tulikuwa tumepanga uongo, wataniita tena kule. Na mimi, kudharau mahakama, hata kwa dawa sitaki."

Nilirudi kiwandani, nikakuta kibarua changu kina mwenyewe.

Wenzangu, mahakama ikisema ngojeni, ngojeni! Na kama sifa zinakuwasha kiasi hicho, vaa sare yako chumbani, funga mlango, ujipulizie filimbi polepole.