Lita Nne za Maji na Tokeni Zangu

Meno yangu ni ya kahawia, sioni haya kusema. Sisi wa Rongai tumekunywa maji ya kisima alichochimba mzungu wa shamba, na tulikuwa tunajivunia. Kwamba yana floraidi, madini yanayotia meno rangi hiyo, tulikuja kuambiwa meno yote yakiwa yameshaota. Shule niliacha darasa la tatu nichunge ng'ombe mmoja, naye akafa mwaka huohuo, lakini tuyaache hayo.

Mjukuu wangu wa miaka mitatu tunaishi naye. Siku moja aliniuliza, "Guka, mbona meno yako yana matope?" Mama yake, binti yangu anayefanya kazi Nakuru mjini, hakucheka. Muuguzi alishamwambia kwamba meno ya ukubwani yanajitengeneza ndani ya ufizi sasa hivi, kabla hatujayaona. Wiki hiyo akaleta mashine. Inachemsha maji mpaka yawe mvuke, mvuke unapoa, unadondoka kwenye jagi, floraidi inabaki chini.

"Huyu hatakuwa na meno kama yako, Baba."

"Yangu yametafuna mbuzi wa kuchoma wa Kikopey miaka yote. Yamekukosea nini?"

Lakini nilitaka, tena sana. Shida ni stima, maana tunainunua kwa tokeni. Saa tano kwa lita nne! Yuniti tatu, niliziona zikiisha kwenye mita kwa macho yangu. Mita ikianza kulia kama kifaranga, yuniti zikikaribia kwisha, nakimbia kuizima mashine ipumzike, naiwasha tena baadaye. Wiki mbili nikijiona mjanja, mpaka binti yangu akapiga simu.

"Baba, ukizima katikati maji yanapoa! Ukiwasha unalipia moto uleule mara ya pili!"

Nikakoma. Jagi likajaa vizuri. Wakaja akina mama wa kanisa, na mke wangu akamimina jagi lote kwenye sufuria ya chai.

"Mama! Hayo ni ya mtoto!" nikamwambia.

"Wageni niwape ya kisima, na kuna ya mashine?" Akachota kidogo kwa kikombe, akaonja, akakunja uso. "Na yenyewe hayana ladha. Kama ya tangi tu."

Kama ya tangi. Tangi la mvua liko hapo mlangoni, limejaa. Tunafulia, tunanyweshea ndama, kwa sababu mama zetu walitufundisha maji ya paa la mabati si ya watu. Mvua nayo si mvuke uliopoa? Na hakuna aliyenunua tokeni ya kuichemsha! Nilikasirika mpaka chai ikanishinda.

Kesho yake nilipanda kufagia mabati, nikatia kufuli kwenye mfereji wa tangi. Mtoto anakunywa hayo, yamechemshwa kwa kuni. Mashine itangoja kiangazi, na haitazimwa katikati. Mke wangu anabeba ya kisima ya kufulia, akininung'unikia njia nzima.

Meno yenyewe ya ukubwani yataanza kuota akifika miaka sita. Mpaka siku hiyo, atakayefungulia ndama tangi hilo tutaonana.