Mtoto Aliyenyamaza Alipoitwa Makokha

Nakumbuka asubuhi moja ya mvua kule Lugari, mwanangu, asubuhi niliyosikia vigelegele nikafurahi. Tangu siku hiyo, nikisikia vigelegele vya mtoto mchanga mwili hunisisimka kwanza ndipo nicheke. Sogea karibu nikueleze. Uwe umeingia kwenye ndoa au bado, yanakuhusu, na usinitazame kwa jicho hilo la kusema bibi ameanza tena.

Ilikuwa miaka ya sabini. Tuliishi mbele kidogo ya Lumakanda, kwenye shamba lililokuwa la mzungu zamani, mahindi yakifika mpaka ukutani. Nilikuwa nimeolewa na Wafula. Baba yake, mzee Makokha, alikuwa ameaga dunia kabla ya mavuno, na nyumba nzima bado ilimlilia. Mama yake Makokha, ambaye sote tulimwita Kukhu, yaani nyanya, alikuwa hai. Masikio yake yalikuwa yameanza kumwacha, kwa hiyo alizoea kutazama. Ungezungumza naye ukidhani anakusikiliza, kumbe anatazama mikono yako.

Aliyenizalisha ni shangazi ya Wafula, dada ya marehemu Makokha. Alikuwa ameshika watoto wengi wa kijiji kile na sote tulimwamini. Mimba yangu ilikuwa imepitisha siku zake. Chupa ilipopasuka maji yalitoka ya kijani, naye akayafuta tu, akasema mtoto huyu amekaa sana tumboni mpaka amejisaidia humo. Mtoto akatoka, wa kiume, akalia kidogo. Nikamshukuru Mungu nikalala.

Kulipopambazuka alikuwa halali wala hanyonyi. Alilia kilio chembamba, na kila akitoa pumzi aliguna. Shangazi alimtazama midomo ilivyokuwa imeiva weusi, akatabasamu. "Mnaona hiyo rangi?" akasema. "Hiyo ni ya ndugu yangu. Makokha alikuwanga mweusi hivi hivi."

Kwetu, mwanangu, mtoto akilia bila kunyamaza, watu husema kuna mtu wa ukoo aliyekufa anayetaka kurudi kwa jina. Majina ya waliotangulia huitwa moja moja, na litakalomtuliza ndilo lake. Siidharau desturi hiyo. Wewe mwenyewe jina lako lilipatikana hivyo, na limekukaa vizuri. Basi wanawake wakajaa chumbani, nguo zimelowa mvua, na shangazi akaanza kuita. Akaita la babu wa babu, mtoto akalia. Akaita la mjomba aliyefia ugenini, mtoto akalia. Sauti ya mtoto ilizidi kupungua, nasi tukadhani tunakaribia. Mwishowe shangazi akainama, machozi yakimtoka, akasema, "Makokha, ni wewe?"

Mtoto akanyamaza.

Vigelegele vilipanda mpaka nikadhani bati litang'oka. Wafula alikuwa amesimama mlangoni, akafunika uso kwa kofia akalia kama mtoto. Nami nilikuwa nacheka kitandani, nikiwaza kwamba nimemrudishia baba yake.

Kukhu hakuwa amepiga kigelegele. Alikuwa ameketi kwenye kigoda karibu nami, na kwa kuwa kelele zile hazikumfikia sawasawa, macho yake yalikuwa yamebaki kifuani mwa mtoto. Akanyoosha mkono, akamfungua kinywa kwa kidole.

"Leteni taa," akasema.

Taa ikaletwa. Ulimi wa mtoto ulikuwa wa rangi ya zambarau. Weusi wa midomo ungeweza kuwa wa ukoo, lakini hakuna ukoo wenye ulimi wa rangi hiyo. Mbavu zilikuwa zinaingia ndani kila akivuta pumzi, na vitundu vya pua vimepanuka.

"Mimi ndiye nilizaa Makokha," Kukhu akasema, na hakupaza sauti. "Makokha hakunyamazanga kwa sababu ya kuitwa jina. Hata umpe titi alikuwa analia. Huyu hajatulia. Huyu amechoka kupumua, na nyinyi mnamwimbia."

"Mama, si amekubali jina?" shangazi akasema.

"Jina atapewa akiwa hai. Wafula, kimbia kwa jirani uitishe ile pikapu ya maziwa. Wewe msichana uliyezaa, amka, mweke mtoto kifuani ndani ya nguo, ngozi kwa ngozi, asishikwe na baridi."

Hapo ndipo hofu iliponiingia. Nilikuwa sijawahi kuogopa hivyo na sijaogopa hivyo tena, hata siku nilipomzika Wafula.

Tulipanda mbele, mimi, mtoto na Kukhu. Wafula alisimama nyuma kati ya mitungi ya maziwa. Kwenye kituo cha afya nesi alimtazama kupitia dirisha la gari, akasema tusishuke, tuendelee mpaka hospitali ya Kakamega. Barabara ilikuwa matope matupu. Nataka ujue hofu ile ilikuwa ya namna gani. Mtoto akilia, uso ulizidi kugeuka rangi mbele yangu. Akinyamaza, niliweka shavu puani mwake kutafuta kama bado kuna hewa. Niliogopa kilio chake na niliogopa kimya chake, na sikuwa na la tatu la kumwomba Mungu. Kukhu hakunifariji. Alikuwa amenishika kifundo cha mkono, macho kwenye ule uso mdogo, na kila gari lilipokwama kucha zake ziliniingia.

Hospitalini walimchukua kutoka kifuani mwangu nikabaki na nguo wazi, mbele za watu, nisijali. Walimwekea mrija wa oksijeni puani na sindano ya maji mkononi. Daktari alikuwa kijana, macho mekundu ya kukosa usingizi. Alinieleza polepole.

"Tumboni, mama, ni wewe ulikuwa unampumulia. Mapafu yake hayakuwa na kazi, kwa hiyo damu nyingi ilikuwa inayapita kando. Mtoto akizaliwa, mishipa ya mapafu inapaswa kulegea, damu ipite huko ichukue hewa. Ya huyu bado imekaza. Ameyavuta pia yale maji machafu. Anapumua kwa nguvu zake zote, lakini damu inazunguka bila hewa ya kutosha."

"Itafunguka?" nikauliza.

"Tutampa oksijeni na kumwacha atulie. Wengine hufunguka."

Sikumuuliza kuhusu wale wasiofunguka.

Nilikatazwa kumgusa. Nesi aliniambia kumpapasa tu kunaweza kumliza, na akilia mishipa inakaza zaidi. Kwa hiyo nilisimama kando, maziwa yakinichuruzika, mikono nimeifunga mgongoni nisije nikajisahau. Kitanda cha pili kilikuwa na mtoto wa mama mmoja wa Likuyani, naye anahangaika na pumzi vilevile. Tulikuwa tukisimama pamoja, bega kwa bega, kila mmoja akihesabu pumzi za wake. Siku moja nilitoka kunawa uso, niliporudi kile kitanda kilikuwa kimetandikwa upya. Mama yule alikuwa anakunja shali. Alinigusa bega akatoka, na sikuweza kumtazama, kwa sababu, Mungu anisamehe, nilikuwa tayari nimeangalia kama wangu bado anapumua.

Kukhu alilala uani kwa jamaa za wagonjwa, akikataa kurudi nyumbani. Kila walipomruhusu kuingia aliuliza swali moja tu: "Ulimi?" Nami nilitikisa kichwa. Asubuhi moja nesi alimfungua mtoto kinywa kumsafisha, nikaona wekundu. Nilidhani ni macho yangu. Nikamwita Kukhu, akainama mpaka pua yake ikakaribia kumgusa mtoto, akasimama, akaenda zake nje. Nilimkuta ameegemea ukuta, kanga mdomoni, analia bila sauti.

Tuliporudi Lugari watu walikuja tena, lakini safari hii hakuna aliyethubutu kuita jina. Shangazi alisimama mbali, mlangoni, kama mgeni. Kukhu akamwita kwa mkono. Akamwekea mtoto mapajani, akamwambia, "Mwite ndugu yako sasa."

Shangazi akainama, akasema jina hilo kwa hofu. Mtoto akafumbua macho, akakunja uso, akalia kilio kikubwa hata jirani mwenye pikapu akaja kuuliza kulikoni. Aliendelea kulia. Kukhu, ambaye masikio yalikuwa yamemwacha, akainua kichwa.

"Hata mimi nimesikia," akasema. "Sasa huyo ni Makokha."

Ndiye baba yako, mwanangu. Na mpaka leo hanyamazi.

Kwa hiyo nisikilize. Jina ni kitu kizuri, na maombi pia, na sherehe, lakini vyote vinaweza kusubiri kwenye benchi la hospitali. Mkiweza, zaeni mahali palipo na oksijeni, hasa siku zikipita au maji yakitoka ya kijani. Mtoto mchanga akipumua mbio, akiguna, mbavu zikiingia, akikataa titi, usiulize amefanana na nani. Mfungue kinywa utazame ulimi. Ukiona si mwekundu, mfunike kifuani mwako na uondoke, na atakayekuambia ngoja kidogo, mpite uende zako. Na mtoto aliyelia sana akanyamaza ghafla, usimshangilie kabla hujamtazama.

Nawe Mungu akujalie mtoto mwenye ulimi mwekundu na kifua kipana. Alie mpaka majirani wakuchukie. Alie usikose kumsikia hata utakapozeeka na masikio yakakuacha, kama yanavyoniacha mimi.